Maswali na majibu: ZaSu Pitts, mikono iliyosema kabla ya sauti kuja

Nilipoandika hapa kwamba ZaSu Pitts alikuwa mmoja wa waigizaji wakubwa wa tanzia katika enzi ya filamu bubu, wasomaji kadhaa walinijibu kwa mshangao. Wachache waliomjua walimjua kama mwanamke mwembamba wa vichekesho, mwenye macho makubwa na mikono isiyotulia, anayelalamika kwa sauti ya puani. Waliobaki hawakuwa wamemsikia kabisa. Nimechagua maswali yaliyojirudia. Mengine nitayajibu kwa mistari michache, mengine nitakaa nayo, kwa sababu mama huyu ameonewa na historia ya filamu na mimi niko upande wake.

Shikamoo. Huyu ZaSu Pitts ni nani hasa, na hilo jina amelitoa wapi? (Msomaji, Morogoro)

Marahaba. Alizaliwa tarehe 3 Januari 1894 katika mji wa Parsons, jimbo la Kansas, Marekani. Baba yake alikuwa askari mstaafu aliyepoteza mguu katika vita vya wenyewe kwa wenyewe. Inasimuliwa kwamba mashangazi wawili, Eliza na Susan, kila mmoja alitaka mtoto apewe jina lake, basi wazazi wakachukua mwisho wa jina moja na mwanzo wa jina la pili. Mwenyewe alisema litamkwe "Sei-zu", ingawa watu wengi hawakumsikiliza.

Mwaka 1903 familia ilihamia Santa Cruz, California. Baba akafariki 1908 na mama akabaki na watoto bila fedha za kutosha. Msichana alikuwa mrefu, mwembamba, mwenye haya, na shuleni walimpandisha jukwaani kwa sababu alipochanganyikiwa alichekesha. Kipaji chake kilianzia hapo, kwenye kuchanganyikiwa mbele za watu.

Aliingiaje kwenye filamu kama hakuwa mrembo wa aina waliyoitaka? (Msomaji, Kisumu)

Kwa mkono wa mwanamke mwenzake. Frances Marion, aliyekuwa miongoni mwa waandishi wa skripti waliolipwa vizuri kuliko wote Hollywood, alimwona akihangaika na kazi za kupita tu mbele ya kamera, akampendekeza kwa Mary Pickford. Pickford wakati huo alikuwa nyota ambaye jina lake pekee liliuza tiketi. Mwaka 1917 ikatoka "The Little Princess", Pickford akiwa binti tajiri aliyefilisika na ZaSu akiwa Becky, kijakazi wa jikoni.

Itazameni mkiipata. Pickford anaigiza kwa uso wote, nywele zake za mawimbi zinang'aa kila pembe. ZaSu amesimama kando na aproni chafu, mabega yameshuka, na jicho la mtazamaji linamfuata yeye. Hajaribu kumnyang'anya mtu onyesho. Anasikiliza tu, na anavyosikiliza unaona mtoto anayelala na njaa. Alikuwa na umri wa miaka 23.

Tangu siku hiyo akawa mtumishi wa nyumba za watu kwenye skrini, kwa muda wa miaka zaidi ya 40. Zilikuwepo nafasi kuu pia. Mwongozaji King Vidor alimpa moja mapema, katika "Better Times" ya 1919. Lakini jina lake lilikaa zaidi chini ya majina ya wengine.

Umesema "Greed" ndiyo kazi yake kubwa. Mimi niliianza nikaishia njiani, ni ndefu na ina huzuni tupu. Kuna nini humo? (Msomaji, Dar es Salaam)

Kaka, rudi uimalizie. Nitakupa sababu.

Mwongozaji Erich von Stroheim aliipiga filamu hiyo mwaka 1923 kutokana na riwaya ya Frank Norris iitwayo "McTeague". Hakutaka mandhari za kuchora ndani ya studio. Alikodi nyumba za kweli San Francisco, akaweka waigizaji kwenye vyumba vyenye madirisha yanayotazama barabara halisi, na mwisho akawapeleka jangwa la Death Valley katikati ya kiangazi, kwenye joto la kuua. Nafasi ya Trina, mwanamke anayebeba nusu ya hadithi, akampa ZaSu Pitts. Watu wa studio hawakumwelewa. Huyu si yule wa vichekesho?

Trina ni binti wa familia ya wahamiaji, mpole, mwenye aibu. Anaolewa na McTeague, daktari wa meno asiye na leseni. Kabla ya ndoa anashinda bahati nasibu: dola 5,000 za dhahabu. Hapo ndipo kila kitu kinaharibika. Marcus, rafiki wa mumewe aliyekuwa akimchumbia Trina zamani, anaona zile fedha zilikuwa zake, na kwa kijicho anamshtaki mwenzake kwa kutibu bila leseni. Kazi inakatika, umaskini unaingia, na Trina hataki kugusa hata senti ya dhahabu yake. Analala njaa akiwa nayo. Anazisugua sarafu zing'ae, anazimwaga kitandani, anajilaza juu yake.

Mwigizaji mwingine angetuonyesha bahili. ZaSu anatuonyesha mtu aliyeogopa. Mwanzoni mikono yake inacheza na leso kama ya msichana yeyote mbele ya mchumba. Baadaye mikono ile ile inahesabu. Vidole vinapita juu ya sarafu taratibu, kisha haraka, kisha vinajikunja vyenyewe hata pasipo na sarafu. Nywele zake nyeusi zimesukwa zikalundikwa kichwani hadi unadhani shingo itavunjika, na chini yake uso unazidi kuwa mdogo. Hakuna neno linalosikika, na maandishi ya kwenye skrini hayatoshi kueleza hata robo ya yanayompata. Mumewe anapofika mahali pa kumng'ata vidole ili atoe fedha, tunajua kwa nini ni vidole. Hadithi yote ilikuwa mle.

Sasa, kuhusu urefu. Ulichokiona wewe ni kipande. Stroheim alianza na mikanda 42, saa nane au tisa hivi za kutazama. Akaikata mwenyewe hadi 24, rafiki zake wakaipunguza hadi 18. Katikati ya shughuli hiyo, mwaka 1924, kampuni ya Goldwyn iliunganishwa na nyingine ikazaliwa MGM, na mkuu wa utayarishaji akawa Irving Thalberg, yule yule aliyemfukuza Stroheim alipokuwa studio ya Universal. Filamu ikakatwa hadi mikanda 10 ikatolewa Desemba 1924. Vilivyokatwa havijapatikana hadi leo. Mwaka 1999 lilitengenezwa toleo la saa nne hivi, linaloziba mapengo kwa picha za mnato zilizopigwa wakati wa kazi. Humo utamwona Trina akisimama katika maonyesho ambayo hayapo tena, na picha moja ya mnato yake inakueleza hali ya moyo kuliko dakika tano za wengine.

Filamu ilipotoka haikupendwa na watu wengi. Stroheim alipewa lawama, na ZaSu akarudi kwenye aproni.

Sauti ilipoingia nyota wengi waliporomoka. Kwa nini yeye hakuporomoka? (Msomaji, Mombasa)

Hili ndilo swali nililolisubiri, kwa sababu jibu lililozoeleka, kwamba "waliokuwa na sauti mbaya walianguka", halimwelezi ZaSu hata kidogo. Sauti yake ilikuwa nyembamba, ya puani, yenye kutetema, kama mtu ambaye daima anakaribia kulia au kuomba radhi.

Tukumbuke mambo yalivyokwenda. "The Jazz Singer" ilionyeshwa Oktoba 1927, na sehemu kubwa ya filamu hiyo bado ilikuwa bubu, yenye muziki, nyimbo na mazungumzo machache. Mwaka uliofuata Warner Bros. wakatoa "Lights of New York", watu wakizungumza mwanzo hadi mwisho. Kufikia mwisho wa 1929 studio kubwa za Marekani zilikuwa karibu zimeacha kabisa kutengeneza filamu bubu. Ni miaka miwili tu! Fikiria fundi aliyejenga ufundi wake kwa miaka 12, kisha anaambiwa kazi imebadilika kuanzia Jumatatu.

Na mazingira ya kupigia filamu yaligeuka gereza. Kamera zilipiga kelele, basi zikafungiwa ndani ya vibanda visivyopitisha sauti, na mpiga kamera humo humo akitoka jasho. Kipaza sauti kilifichwa kwenye chombo cha maua au juu ya meza, na mwigizaji akatakiwa asisogee mbali nacho. Mwongozaji, ambaye zamani alimwelekeza mwigizaji kwa sauti kamera ikizunguka, sasa alitakiwa kunyamaza. Filamu nyingi za 1928 na 1929 zimesimama kama watu wanaopigwa picha ya pasipoti.

Nyota alikuwa na mzigo ambao mwigizaji msaidizi hakuwa nao. Mtazamaji alikwisha kujitungia kichwani sauti ya nyota wake: nzito ya kiume kwa mpenzi shujaa, laini kwa binti wa kifalme. Sauti halisi ilipotoka, hata kama haikuwa mbaya, ilikuwa ya mtu mwingine. Kwa wageni ilikuwa ngumu zaidi. Emil Jannings, aliyepokea tuzo ya kwanza kabisa ya Oscar ya mwigizaji bora wa kiume, alirudi Ujerumani kwa sababu ya lafudhi yake. Vilma Bánky wa Hungaria hakudumu. Lakini mtazameni Jean Hersholt, aliyecheza Marcus ndani ya "Greed". Alikuwa Mdenmarki mwenye lafudhi ya wazi, na alifanya kazi miaka yote ya 1930. Kwa nini? Kwa sababu yeye hakuhitajika kuwa ndoto ya mtu. Alihitajika kuwa daktari, mlinzi wa hoteli, babu wa kijiji. Lafudhi ilimfaa.

ZaSu pia. Ukitazama filamu zake bubu umezima hata muziki, ukajiuliza mwanamke huyu angezungumzaje, utajibu: hivyo hivyo alivyozungumza. Sauti ilipokuja, ilikuta mikono yake ikiisubiri. Na kipaza sauti kilichowafunga wengine hakikumfunga yeye, maana tangu zamani hakuwa mtu wa kukimbia huku na kule. Aliweza kusimama mahali pamoja akaigiza kwa vidole na kope, ufundi ambao sanduku lile la kamera liliuhitaji sana.

Ni kweli aliondolewa kwenye filamu moja ya vita kwa sababu watu walimcheka? (Msomaji, Zanzibar)

Kweli, na ni jeraha ambalo nafikiri liliamua maisha yake yote ya kazi yaliyofuata.

Mwaka 1930 mwongozaji Lewis Milestone alikuwa anakamilisha "All Quiet on the Western Front" huko Universal, kisa cha vijana wa Kijerumani wanaomalizika kwenye mahandaki ya vita vya kwanza vya dunia. ZaSu alipewa nafasi ya mama wa Paul, kijana mkuu wa hadithi. Nafasi fupi lakini nzito: Paul anarudi nyumbani likizo, mama mgonjwa yuko kitandani, anajua mwanawe atarudi vitani na huenda asimwone tena. Ukikumbuka Trina, unaelewa kwa nini Milestone alimtaka.

Filamu ilionyeshwa kwa watazamaji wa majaribio. Uso wa ZaSu ulipotokea, wakacheka. Hakuwa amefanya kosa lolote. Walikwisha kuzoea kumcheka kwenye vichekesho, na sasa walimsikia kwa sauti ile ile. Universal wakaamua: maonyesho ya mama yakapigwa upya na Beryl Mercer katika toleo la sauti, na hilo ndilo toleo dunia iliyolijua, lililoshinda Oscar ya filamu bora. Mercer aliifanya kazi yake vizuri, sina neno naye.

Lakini angalieni kilichotokea. Katika filamu bubu mtu mmoja aliweza kumchekesha mtazamaji Jumanne na kumliza Ijumaa, maana uso hubadilika kulingana na hadithi. Sauti haikubadilika. Ilipokwisha kuhusishwa na vichekesho, ilibaki huko. Kwa hiyo wanaosema ZaSu Pitts "alivuka salama" wanasema nusu. Alivuka na kazi yake na umaarufu wake na mshahara wake. Tanzia aliiacha ng'ambo ya pili, na hakuna studio iliyomrudishia.

Oscar je? Hata ya mwigizaji msaidizi hakupata? (Msomaji, Nairobi)

Hakupata wala hakuteuliwa. Tuzo ya waigizaji wasaidizi haikuwepo hadi ile ya filamu za 1936, iliyotolewa 1937, na wa kwanza kuipokea upande wa wanawake alikuwa Gale Sondergaard. Hata hapo wasaidizi walipewa kibao, si sanamu; sanamu walianza kupewa 1944. "Greed", "Lazybones", "The Wedding March", zote zilipita wakati hakuna aliyewahi kufikiri kuhesabu kazi ya aina hii.

Napenda zile filamu fupi zake na yule mrembo wa nywele za dhahabu. Walicheza ngapi? (Msomaji, Muscat)

Kumi na saba, kati ya 1931 na 1933, kwa studio ya Hal Roach. Mwenzake ni Thelma Todd, mwalimu wa shule kutoka Massachusetts aliyeshinda taji la urembo la jimbo lake. Hal Roach alikuwa na Laurel na Hardy, jozi ya wanaume wa vichekesho, akataka jozi ya wanawake. Thelma mwepesi, mjanja, anayejiamini. ZaSu mwenye wasiwasi, anayeburutwa kwenye kila balaa kwa sababu ameshindwa kusema hapana.

Kama hujaiona "On the Loose" ya 1931, anza nayo. Wasichana wamechoka kwa sababu kila mwanamume anayewaalika anawapeleka Coney Island, kwenye mabembea yale yale. Mwisho wa filamu mlango unagongwa, ni Laurel na Hardy kwa sekunde chache, na mnaweza kukisia wamekuja na pendekezo gani.

ZaSu aliondoka 1933 kwa sababu ya malipo, nafasi yake ikachukuliwa na Patsy Kelly. Wakati huo huo Universal walikuwa wakimpanga na Slim Summerville katika filamu ndefu za vichekesho. Miaka hiyo alifanya kazi bila kupumua.

Mimi ni mwigizaji chipukizi hapa Bongo. Kila nikiitwa napewa dada wa kazi, naleta juisi natoka. Unaweza kuniambia nimtazame huyu mama sehemu gani nijifunze? (Msomaji, Dar es Salaam)

Naweza, na nimefurahi umeuliza.

Tazama "Monte Carlo" ya 1930, ya mwongozaji Ernst Lubitsch. ZaSu ni Bertha, mtumishi wa mwanamke wa ukoo wa kitawala anayeigizwa na Jeanette MacDonald, ambaye amekimbia harusi yake mwenyewe. MacDonald ana nyimbo, ana mavazi, ana mapenzi. Bertha ana mizigo. Sasa sikiliza anavyojibu. Kila jibu lake linachelewa kidogo tu, kama vile amelipima kwanza kama litamletea matatizo. Hapo ndipo kicheko kinapotoka, kwenye ule muda kabla ya neno. Enzi ya sauti ilikuwa changa mno, waigizaji wengi bado walikuwa wanawahi kusema ili kipaza sauti kisikose kitu. Yeye alikwisha gundua kwamba kimya nacho kinarekodiwa.

Kisha "The Guardsman" ya 1931. Nyota ni Alfred Lunt na Lynn Fontanne, mume na mke waliotawala jukwaa la Broadway, wenye ndimi kali. ZaSu ni Liesl, mtumishi wao. Kila anapoingia chumbani ameingia kutoka kazini. Unajua kuna chungu jikoni. Hafanyi kitu cha kuonyesha kwamba anaigiza mtumishi, ila miguu yake imechoka, na akishika sinia anashika kama mtu anayejua likianguka atakatwa mshahara.

Na "Ruggles of Red Gap" ya 1935, akiwa Prunella, mjane anayevutiwa na upishi wa Charles Laughton. Hapa amepewa mapenzi, ya taratibu, ya watu wazima. Ni nafasi ya pili bado, lakini tazama jinsi mtu aliyekuwa amepangiwa kuchekesha anavyofanya uamini kwamba mwanamume huyo mnene anapendwa kweli.

Unamsifia kwa kuigiza watumishi. Waigizaji weusi wa wakati ule je? Mbona hatuwaoni kwenye hadithi hii ya kuvuka? (Msomaji, Toronto)

Swali la haki. Kwa ZaSu aproni ilikuwa mlango mmoja, na yalikuwepo madirisha mengine. Kwa mwanamke mweusi Hollywood ilifungua mlango huo peke yake, na mara nyingi jina lake halikuandikwa hata kwenye orodha.

Anayestahili kusimama kando ya ZaSu katika mazungumzo haya ni Evelyn Preer. Alianza 1919 na Oscar Micheaux, mwongozaji mweusi aliyetengeneza filamu zake nje ya studio kubwa, akawa nyota wake mkuu. Katika "Within Our Gates" ya 1920 anaigiza mwalimu anayetafuta fedha za kuokoa shule ya watoto weusi, na filamu haimfichi mtazamaji unyama wa watu kunyongwa na makundi ya wazungu. Filamu hiyo ilidhaniwa imepotea hadi nakala ikaonekana Hispania, ikakarabatiwa na Maktaba ya Bunge la Marekani 1993. Preer alikuwa mwigizaji wa jukwaa pia na mwimbaji, kwa hiyo sauti haikumtisha: alikuwa tayari kuliko nyota wengi weupe. Alifariki Novemba 1932, miezi michache baada ya kujifungua, na kuvuka kwake kukakatika.

Louise Beavers, ambaye kabla ya filamu alifanya kazi kweli kwa mwigizaji Leatrice Joy, alianza mwishoni mwa enzi bubu na akaendelea katika sauti kwa miongo mitatu, karibu kila mara akiwa mpishi au mtumishi. Mtazameni katika "Imitation of Life" ya 1934 mwone alichoweza kukifanya alipopewa mistari ya kutosha. Nafasi ile ilikuwa ya tuzo, na hakuteuliwa.

Stroheim alimtelekeza baada ya "Greed"? (Msomaji, Bujumbura)

Hapana, alimwita tena. Katika "The Wedding March" ya 1928 alimpa binti tajiri kiwete anayeozwa kwa mwanamfalme asiyempenda. Onyesho la harusi, ZaSu akijitahidi kutembea bila kuonekana anachechemea, ni filamu bubu ikiwa kwenye kilele chake miezi michache kabla haijazikwa. Kisha 1932, studio ya Fox, wakapiga pamoja "Walking Down Broadway", filamu pekee ya sauti aliyoiongoza Stroheim. ZaSu alikuwa Millie, mwanamke mpweke mwenye wivu anayevutwa na misiba ya watu. Ilikuwa nafasi ya kumrudisha kwenye tanzia, sasa akiwa na sauti yake. Studio haikuipenda, ikapiga upya sehemu kubwa kwa waongozaji wengine na kuitoa 1933 kwa jina "Hello, Sister!". Stroheim hakuongoza tena. Vipande vya Millie vilivyobaki vinaniuma kila nikivitazama, maana vinaonyesha kwamba ile sauti iliyochekwa iliweza.

Maisha yake ya nyumbani? (Wasomaji kadhaa)

Kwa ufupi. Aliolewa 1920 na mwigizaji Tom Gallery, wakapata binti. Rafiki yake Barbara La Marr, nyota aliyefariki Januari 1926 akiwa na miaka 29, aliacha mtoto wa kiume, na ZaSu akamlea kama wake. Ndoa ilivunjika, akaolewa tena 1933. Alipenda sana kutengeneza peremende, na kitabu chake cha mapishi ya peremende kilitoka 1963, mwaka aliofariki kwa saratani, tarehe 7 Juni. Filamu yake ya mwisho ilitoka miezi mitano baadaye, akiwa mpokea simu.

Mwanangu anasema yule Olive wa katuni za Popeye ana sauti ya ZaSu Pitts. Kweli? (Msomaji, Tanga)

Mwambie mwanao ana sikio zuri. Si yeye aliyeingiza sauti hiyo. Ni Mae Questel, aliyeichukua sauti ya Olive Oyl miaka ya 1930 na kuiiga makusudi kutoka kwa ZaSu. Kwa hiyo wengi wenu mmemsikia tangu utotoni, hata kama hamjamwona.

Nianzie wapi kutazama, na zinapatikana? (Msomaji, Mwanza)

Uchunguzi wa Maktaba ya Bunge la Marekani wa 2013 ulikuta kwamba kati ya filamu ndefu bubu karibu 11,000 za Marekani, ni asilimia 14 tu zilizobaki katika umbo lake la awali. Kwa hiyo tuna bahati kwamba kazi zake muhimu zipo. "The Little Princess", "Greed" na "Lazybones" haki miliki zake zimekwisha Marekani, na zinatazamwa bure mtandaoni, ingawa nakala hazilingani kwa ubora. Tafuta iliyo safi, maana kwa ZaSu ukipoteza vidole umepoteza nusu ya mazungumzo.

Ukiogopa urefu wa "Greed", anza na "Lazybones" ya 1925, ya mwongozaji Frank Borzage. ZaSu ni Ruth, msichana anayerudi kijijini na mtoto mchanga, mumewe baharia amekufa, na hathubutu kumwambia mama yake kwamba aliolewa. Anajitupa mtoni, anaokolewa, anamwacha mtoto kwa kijana mvivu aliyemwokoa, kisha anarudi nyumbani kuishi miaka yote akimwona mwanawe akikua upande wa pili wa barabara. Jina lake si la kwanza kwenye orodha ya waigizaji. Baada ya hiyo nenda "On the Loose" ucheke, halafu ndipo ukae na "Greed" usiku ambao huna haraka.